Picha ya Mzee Hooper

Mwaka 1983 nilikuwa nasoma Boston, na mwanangu alikuwa na miaka mitano. Kiingereza alikiokota kwenye kipindi cha Sesame Street, na katika watu wote wa mtaa ule alimpenda mwenye duka, Bwana Hooper, mwenye tai ya kipepeo, aproni na miwani iliyoteremkia puani. Nyumbani tulimwita Mzee Hooper, kama jirani yetu wa Tanga.

Mwigizaji wake ni Will Lee, mzaliwa wa Brooklyn, 1908. Habari zake nilizisoma baadaye. Miaka ya 1930 alikuwa jukwaani na kundi la Group Theatre, New York. Ukaja msako wa wakomunisti. Akaitwa mbele ya kamati ya Bunge, akakataa kushirikiana nayo, na kwa miaka mitano akafungiwa filamu na televisheni. Mtu huyohuyo, akiwa na miaka 61, akakaribishwa na watoto wa Marekani nzima kipindi kilipoanza Novemba 1969. Hilo hunigusa mpaka leo.

Alifariki Desemba 7, 1982. Watengenezaji wangeweza kumtafuta mwingine, au kusema amestaafu. Hawakufanya hivyo. Walikieleza kifo chake Novemba 24, 1983, Sikukuu ya Shukrani, siku ambayo wazazi wako nyumbani.

Nami nilikuwepo, nimempakata mwanangu. Big Bird, yule ndege mrefu wa manyoya ya njano, alikuwa amewachora rafiki zake na anawagawia picha. Ikabaki moja, ya Mzee Hooper. Akauliza yuko wapi ampe. Wakubwa wakanyamaza. Mmoja wao, Maria, akamkumbusha kwamba amekufa. Ndege akasema basi atampa akirudi, na Susan akamwambia aliyekufa harudi. Ndege akataka kujua kwa nini iwe hivyo. Mwenzao Gordon hakuwa na jibu, wala hakulitunga.

Mwanangu akanigeukia. "Baba, na Bibi je?"

Mama yangu alikuwa amefariki Machi ile. Barua ilipofika nilimwambia mtoto Bibi amesafiri, kama nilivyoambiwa mimi utotoni alipokufa babu. Miezi minane alikuwa akimwekea Bibi biskuti kwenye kopo tupu la maziwa, chini ya kitanda.

Nikazima televisheni. "Bibi amekufa, baba. Harudi."

Alilia sana, nami nikalia naye. Kisha akaenda kulileta kopo. Biskuti zilikuwa zimeshalainika. Tukazila zote, tumekaa sakafuni.