Blanketi la Gendabi

Blanketi lile sikulirudisha siku ileile. Naanza na hilo kwa sababu kila nilipowasimulia watu habari hii, blanketi nililiruka.

Ilikuwa wiki chache baada ya tope la Mlima Hanang kushuka, asubuhi ya Jumapili, 3 Desemba 2023, na kuua watu zaidi ya 80 Gendabi, Jorodom, Katesh na kwingineko. Mimi sikufiwa na mtu. Nilitoka Arusha na rafiki yangu mwenye kamera, kichwa kimenijaa Marina Abramović, yule mama wa Belgrade anayeufanya mwili wake kuwa kazi ya sanaa. Mwaka 1974, mjini Naples, alisimama muda wa saa sita, mezani kaweka vitu 72, watu wamfanyie watakalo. Walimkata nguo kwa wembe. Mmoja akamwelekezea bastola. Mwaka 2010 akakaa kitini New York karibu miezi mitatu, kimya, wageni wakija mmoja mmoja kuketi mbele yake.

Basi nikajiambia nitakaa kwenye tope la Gendabi kutwa nzima, nisiseme neno, nione watu watanifanya nini. Nakiri nilitamani mabaya kidogo. Picha ingependeza.

Nilikaa tangu saa moja asubuhi. Watoto walinitazama, wakaondoka. Saa nne hivi akaja bibi mmoja na uji kwenye kikombe cha bati.

“Pole, mwanangu. Umepoteza nani?”

Sikujibu. Sharti nililojiwekea lilikuwa kutofungua kinywa, na kimya changu akakipokea kama jibu. Akachuchumaa kando yangu, naye akanyamaza. Kisha akaenda, akarudi na blanketi jipya, la msaada, lenye mikunjo ya kiwandani bado, akanifunika mabega. Rafiki yangu akapiga picha.

Kule New York watu walipita mlangoni, wakapanga foleni, wakajua wanakwenda kutazama kazi ya msanii. Gendabi hapakuwa na mlango wala foleni. Mtu aliyekaa chini kwenye tope lile, haitikii salamu, alikuwa mfiwa, basi. Hilo nilipaswa kulijua kabla ya kupanda basi. Nami nimekulia kwetu, misiba nimeiona.

Ningeweza kusema pale pale. Neno moja tu. Nilikunywa uji.

Picha ile ilisifiwa sana tulipoionyesha, nami nikasimama kando yake nikitabasamu.

Februari nikarudi na blanketi nimelikunja mfukoni mwa rambo. Bibi alinitambua kabla sijamwamkia.

“Shikamoo, bibi.”

“Marahaba. Hukuniambia siku ile. Ni nani wako aliyekwenda na maji?”

“Hakuna, bibi.”

Akanitazama. Akalichukua blanketi, akalikung'uta, akalikunja upya. Nilikuwa nimelikunja vibaya.