Daktari wa Thogoto na Wapagazi wa Vita



Nje kidogo ya Nairobi, upande wa Kikuyu, kuna mahali panaitwa Thogoto. Jina hilo ni "Scot" lililopita katika midomo ya Wakikuyu, maana hapo ndipo Waskoti wa Kipresbiteri walipoweka misheni yao. Mwaka 1907 alifika hapo daktari kijana, John William Arthur, aliyezaliwa Glasgow mwaka 1881 na kusomea udaktari huko huko. Miaka mitano baadaye alikabidhiwa uongozi wa misheni nzima, na mwaka 1915 akawekewa mikono kuwa mchungaji. Tunamwandikia habari zake huku Tanga kwa sababu maisha yake yaligusana na ya kwetu mara mbili, kwanza kwa ugomvi, kisha kwa vita.

Ugomvi ulianza Juni 1913. Waanglikana na Waprotestanti wengine walikutana katika misheni ya Arthur wakitafuta namna ya kushirikiana, wakamaliza kwa kushiriki meza ya Bwana pamoja katika kanisa la Waskoti. Frank Weston, askofu wa Kianglikana wa Zanzibar, ambaye jimbo lake lilifika hadi Magila na Muheza, aliposikia aliwashtaki maaskofu wenzake wa Mombasa na Uganda kwa uzushi, mashtaka yakaenda hadi Canterbury. Magazeti ya Uingereza yalijaa habari hizo. (Kwa hoja yenyewe, sisi Wakatoliki tuko karibu zaidi na Weston kuliko na Waskoti. Ila kelele zile zilipita kiasi.)

Mwaka uliofuata ikaja vita. Tarehe 2 Novemba 1914, siku ya Marehemu Wote, meli za Waingereza zilifika mbele ya Tanga zikiwa na watu wapatao 8,000, wengi wao askari kutoka India. Wajerumani na askari wao Waafrika walikuwa kama 1,000 tu, lakini siku chache baadaye waliorudi melini kwa aibu ni wale wengi. Habari ya nyuki waliowashambulia vichakani kila mtoto wa Tanga anaijua. Habari ya wapagazi haisimuliwi, na vita ile iliendelea miaka minne juu ya vichwa vyao: unga, risasi, dawa, majeruhi, mizigo ya kilo ishirini na zaidi, njia zisizo na barabara. Rekodi za Waingereza wenyewe zinakubali kwamba upande wao walikufa zaidi ya 40,000, na wanahistoria wengi wanaona idadi halisi ilikaribia 100,000. Risasi iliua wachache. Waliobaki waliuawa na kuhara damu, malaria na nimonia, na mara nyingi chanzo kilikuwa sufuria tu: unga wa mahindi ulioiva nusu, kwa watu ambao matumbo yao hayakuuzoea. Jina la Kariakoo, Dar es Salaam, limetokana na kikosi chao.

Mwaka 1916 Weston alikusanya wapagazi wa Zanzibar akatembea nao mwenyewe, na jeshi likampa cheo cha meja. Mwaka 1917 serikali ya Kenya ilipoanza msako mkubwa wa vijana, Arthur naye aliunda kikosi cha wafuasi wa misheni waliojitolea, zaidi ya 1,700, akaenda nao hadi huku Afrika Mashariki ya Wajerumani akiwa kiongozi wao. Waliokufa katika kikosi chake walikuwa wachache kuliko kwingine. Wapagazi wenye daktari anayewajua kwa majina walitunzwa.

Lakini "waliojitolea" ni neno zito, na darasani tumebishana juu yake. Aristotle anamtaja nahodha anayetupa shehena baharini wakati wa dhoruba: ametaka, na hakutaka. Kijana wa Kikuyu mwaka ule alijua kwamba asipoandikisha jina kwa daktari, atakamatwa na wengine. Wenzetu wengine wanasema daktari aliipamba kwa jina la Kristo vita ya mataifa mawili yaliyogombania ardhi isiyo yao. Hoja hiyo hatuwezi kuivunja. Hata hivyo tunaegemea upande wa Arthur, kwa kuwa hakuwatuma peke yao.

Mwaka 1929 haukumwendea vizuri. Alipambana na ukeketaji wa wasichana, na kama daktari alikuwa sahihi, ila misheni ilidai waumini waape kuuacha, na maelfu wakaondoka na kuanzisha makanisa na shule zao. Mwaka huohuo alijiuzulu katika baraza la utawala la koloni. Alistaafu mwaka 1937 na kufariki mwaka 1952.

Weston alirudi Kikuyu Julai 1918, kwenye mkutano wa pili. Kuhusu altare hawakukubaliana. Alifariki Hegongo, karibu na Muheza, tarehe 2 Novemba 1924.

Bahasha za kuwaombea marehemu zitagawiwa parokiani kama kila mwaka. Katika yetu tutaandika majina ya wazazi na ndugu, na chini yake mstari mmoja: wapagazi wa vita, wa pande zote mbili.