Sahani ya Viazi Vitamu, Kutoka Kongowea Hadi Mlango wa Jirani



Wasomaji wetu wapenzi, wiki hii tunawachukua katika safari fupi ya nusu siku, tangu soko la Kongowea hadi jikoni katika Mji wa Kale wa Mombasa, kwa ajili ya chakula kimoja ambacho nyumba za pwani zinakijua vyema: viazi vitamu vya nazi. Mwezi wa Ramadhani chakula hiki huwa na nafasi yake katika futari. Ifikapo Idd husahauliwa, kwa kuwa macho yote huelekea kwenye pilau na biriani. Sisi tuna sababu ya kukitetea, nayo tutaieleza tukifika mbele.

Tulifika Kongowea asubuhi ya mwezi 28 Ramadhani, katika lile kumi la mwisho ambalo usiku wake ni wa ibada na mchana wake ni wa pirikapirika. Soko hili liko upande wa bara, kaskazini mwa kisiwa, nalo ni miongoni mwa masoko makubwa kabisa ya wazi katika nchi yetu. Malori yaliyosafiri usiku kucha yalikuwa yamekwisha kushusha shehena zao, na hamali walipita na mikokoteni wakipiga kelele watu wawapishe njia.

Jina la mahali hapa ni kongwe kuliko soko lenyewe. Kwa mapokezi ya wazee wa Mombasa, Kongowea ndio uliokuwa mji wa Mwana Mkisi, malkia aliyetawala kisiwani kabla ya Shehe Mvita, na zipo koo za mji zinazojinasibisha naye. Basi si ajabu kwamba hadi leo sauti zinazosikika zaidi penye mafungu ya vyakula ni za wanawake.

Viazi tulivyovitafuta vilikuwa vimepangwa mafungu mafungu juu ya gunia. Muuzaji alitupa kimoja mkononi tukipime. “Hivi ni vya Kabondo, mama,” akasema. “Ukichemsha ni unga mtupu, havina majimaji.” Kabondo iko katika kaunti ya Homa Bay, karibu na Ziwa Viktoria, na wakulima wake wanasifika kwa zao hili. Viazi hivyo vilikuwa vimekata nchi karibu nzima, kutoka ziwani hadi baharini, ili viliwe na watu ambao waliovilima hawawajui.

Kiazi kizuri ni kizito kwa umbo lake, ngozi yake imekaza, na hakina vitundu vya fukusi. Kiazi kilichotobolewa na mdudu huyo huwa kichungu, na uchungu wake hauondolewi na sukari. Vile vyenye nyama nyeupe au ya manjano hafifu ni vikavu na huhimili tui bila kuvurugika. Vile vya rangi ya chungwa hulainika upesi, kwa hiyo huhitaji jicho la karibu, lakini vina rutuba ambayo mwili huigeuza kuwa vitamini A, yenye faida kubwa kwa macho na kinga ya watoto. Kwa kazi ya kueneza viazi vya aina hiyo barani Afrika, mwaka 2016 Tuzo ya Chakula Duniani ilitolewa kwa wataalamu kadhaa, akiwemo Robert Mwanga wa Uganda na Maria Andrade wa Cape Verde. Tena vitamini hiyo hufyonzwa vizuri zaidi chakula kikiwa na mafuta. Bibi zetu waliotia tui zito katika viazi hawakuwa na maabara, lakini sufuria yao ilikuwa sahihi.

Penye fungu lilo hilo alisimama mama wa makamo, akihesabu sarafu zilizofungwa katika ncha ya leso. Tuliposalimiana na kumuuliza hali, alitujibu kwa sauti ya chini: “Mwaka huu, dada zangu, nyama haitufikii. Nitawapikia wanangu viazi hivi, kisha nitaufunga mlango. Jirani akinigongea na sahani yake, nitamrudishia nini?”

Mkubwa wetu kwa umri alimshika mkono. “Bibi, mimi nakaa mtaa wa pili na kwako. Sahani hiyo ya viazi ndiyo nitakayoingojea, na yangu nitakuletea.” Mama yule alicheka kidogo, akalipa, akafunga leso yake. Sisi tuliendelea na safari, lakini swali lake tulilibeba pamoja na vikapu vyetu.

Kutoka Kongowea tulipanda matatu, tukavuka Daraja la Nyali na kushuka karibu na Marikiti, katika Barabara ya Digo. Hapa harufu hukutangulia kabla ya macho kuona. Magunia ya viungo yamefunguliwa midomo: iliki za kijani, mdalasini uliojikunja kama karatasi, karafuu nyeusi, bizari, pilipili manga. Tulinunua kidogo kidogo, tukaongeza kipande cha tangawizi na nazi mbili. Nazi tulizichagua kwa kuzitikisa sikioni; isiyosikika maji ndani imepitwa na wakati.

Tukiwa na kikapu hicho tuliingia Mji wa Kale, katika vichochoro ambamo watu wawili wakikutana hupishana bega kwa bega, chini ya roshani za mbao na mbele ya milango ya nakshi. Mwisho wa mtaa inasimama Ngome ya Yesu, ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593, na ambayo tangu 2011 imo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO. Kiazi kitamu nacho kina habari na zama hizo. Asili yake ni Amerika, na kilifika kwetu baada ya mabaharia wa Ulaya kuzifikia nchi zile mwishoni mwa karne ya 15. Iliki asili yake ni kusini mwa Bara Hindi, mdalasini bora ni wa Sri Lanka, na karafuu ilitoka visiwa vya Maluku huko Indonesia kabla ya kustawi Unguja na Pemba katika karne ya 19. Hivyo sufuria tunayoiita ya kwetu imejaa wageni waliopokewa vizuri hadi wakawa wenyeji.

Sasa tuingie jikoni. Kwa watu wanane hadi kumi, tunahitaji kilo 2 za viazi vitamu, nazi 2 kubwa, iliki punje 8, kijiti kimoja cha mdalasini, karafuu 3, kipande cha tangawizi cha urefu wa kidole gumba, sukari vijiko 4 vya mezani, na chumvi nusu kijiko cha chai. Viazi humenywa, hukatwa vipande vinene vya kulingana, na hutiwa ndani ya maji mara moja visije vikageuka rangi. Nazi hukunwa kwa mbuzi. Machicha hutiwa kikombe kimoja cha maji ya vuguvugu, hukamuliwa na kuchujwa kwa kifumbu au chujio, na hilo ndilo tui zito, linalowekwa kando. Kisha machicha yale yale hukamuliwa tena kwa vikombe vitatu vya maji ili kupata tui jepesi.

Viazi hupangwa katika sufuria pana na kutiwa tui jepesi, chumvi, mdalasini, karafuu na tangawizi iliyopondwa. Moto uwe wa kiasi, na sufuria ifunikwe kwa muda wa dakika 15 hadi 20, mpaka ncha ya kisu ipenye bila kuvunja kipande. Hapo hutiwa sukari na tui zito, na tangu wakati huo sufuria haifunikwi wala haikorogwi kwa mwiko. Hushikwa masikio na kutikiswa taratibu. Moto hupunguzwa, kwa sababu tui zito likichemka kwa nguvu hukatika na mafuta yake hujitenga. Baada ya kama dakika 10 tui huwa limeshikamana na viazi. Iliki, iliyotwangwa muda huo huo, huwa ya mwisho kabisa, kwani ikipikwa sana harufu yake hupotea na mvuke. Sukari inaweza kupunguzwa kwa ajili ya wazee wenye maradhi ya kisukari, na anayetaka kukila kando ya kuku wa kupaka au nyama ya kukaanga aiache kabisa, aongeze tangawizi.

Sasa turudi kwenye swali tulilolibeba. Desturi ya pwani ni kwamba sahani ya jirani hairudi tupu. Desturi hii ni njema na imejenga mitaa yetu. Lakini maisha yanapopanda, desturi hiyo hiyo yaweza kuwa mzigo: asiyeweza kuijaza sahani huogopa hata kuipokea. Sahani za Idd zikiwa zote ni za biriani, nyumba yenye viazi peke yake hujiona imekosa la kujibu, na mlango hufungwa siku ambayo ilipasa kuwa wazi.

Mtume wetu, swalla Llahu alayhi wasallam, aliwahi kuwahutubia wanawake wa Kiislamu kwa jambo hili hasa. Aliwakataza jirani kudharau zawadi ya jirani mwenzake, hata kama ni kwato ya kondoo tu. Na alimuusia sahaba Abu Dharr kwamba apikapo mchuzi auongeze maji, kisha awakumbuke majirani zake. Hakuna katika mafunzo haya sharti la nyama nono.

Kwa hiyo ombi letu ni kwa nyumba zenye uwezo. Idd hii pikeni viazi vitamu vya nazi kando ya pilau yenu, na mviweke katika kila sahani mnayoitoa, kwa jirani tajiri na maskini, Mwislamu na asiye Mwislamu. Viazi vikionekana katika sahani za wakubwa, havitakuwa tena alama ya unyonge katika sahani ya mwingine. Mama mwenye fungu moja la viazi ataweza kuirudisha sahani imejaa, bila kuinamisha uso. Ama haki ya maskini iko pale pale: Zakatul-Fitr, pishi moja ya chakula kwa kila aliyemo nyumbani, itolewe kabla ya sala ya Idd, na mwenye nyama ya ziada aipeleke kwa siri, mapema, ili mwenziwe aipike kwa mikono yake na kuiita yake.

Watumeni watoto wapeleke sahani hizo, ili wajue milango ya mtaa wao na majina ya waliomo. Na sahani ikirudi na viazi, kuleni wote pamoja na mshukuru kwa sauti ya kusikika.

Taqabbala Llahu minna waminkum. Tunawatakia Idd njema yenye baraka, yenye kupokeana.