Jina la Chura

Wahenga walisema kelele za chura hazimzuii ng'ombe kunywa maji. Kwa methali hiyo chura amepewa cheo cha chini katika lugha yetu: mfano wa mnyonge apigaye makelele yasiyo na athari. Mimi ni mwalimu wa lugha hii, na nataka kumtetea.

Mwaka 2002 wataalamu wawili, Alan Channing na William Stanley, walimtangaza kwa mara ya kwanza chura wa msitu wa Mamiwa-Kisara, katika milima ya Ukaguru, upande wa Kilosa. Desturi ya elimu yao ni kuazima majina kwa Kilatini na Kiyunani. Safari hii waliazima kwetu, wakamwita Churamiti maridadi. Mnyonge wa methali amevikwa sifa ambayo sisi humpa bibi arusi!

Huenda msomaji akauliza kwa nini kiumbe huyu asihamie kwingine. Chura hupumua kwa ngozi pia, na ngozi hiyo haina budi kuwa na unyevu. Salamanda wa misitu ya Marekani, ambao hawana mapafu kabisa, wamefungwa na sharti hilo hilo. Nimepita mara nyingi njia itokayo Mikumi kwenda Kilosa: chini ni uwanda wa nyasi na jua kali, juu ni milima iliyojitanda ukungu utokanao na pepo za Bahari ya Hindi. Kwa chura wa ukunguni, uwanda huo ni bahari isiyovukika, na mlima wake ni kisiwa. Msitu ukifyekwa, hana pa kukimbilia.

Wala hataangamia peke yake. Misitu ya milima hii ndiyo inayopokea mvua na kuigawa kidogo kidogo kwa mito. Mto Mkondoa, upitao Kilosa, hutoka milimani. Na wakazi wa mji huo, waliofurikiwa mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010, wanaijua hasira yake. Basi ng'ombe wa methali anywe, lakini akumbuke kuwa yeye na chura hunywa chemchemi moja.

Jina ni amana. Wageni wameliazima neno letu wakaliandika katika vitabu vya dunia nzima. Kumlinda mwenye jina ni kazi yetu. Lugha yaweza kulihifadhi neno baada ya kiumbe kutoweka, lakini neno la namna hiyo ni kaburi lenye maandishi mazuri. Mimi napenda kuwafundisha wanafunzi wangu neno lililo hai.