Daftari Lilikuwa Langu

Katika juma la tatu la muhula huu walinijia vijana wawili wa Kidato cha Pili, kila mmoja amekunja uso, na mkononi mwao daftari moja. Walikuwa wameleta hadithi ya picha ili ichapwe katika gazeti hili. Hadithi yenyewe ilikuwa nzuri. Ugomvi ulikuwa juu ya jalada, kwa kuwa lilikuwa na jina la mmoja peke yake.

"Mwalimu, mimi ndiye niliyechora," akasema mwenye jina.

"Lakini mimi ndiye niliyetunga, tangu mwanzo hata mwisho," akasema wa pili. "Yeye amechora niliyomwambia."

Ndipo yule wa kwanza akatoa neno lililonichoma: "Na daftari ni la nani?"

Naliwaambia waniachie, nitalisoma kwanza, kisha nitatoa hukumu. Neno lile nalikuwa nimekwisha kulisikia zamani, na siku ile lilitoka kinywani mwangu mwenyewe.

Mimi nimekulia Nyarugusu, katika nchi ya Geita. Mgodi mkubwa wa Geita ulikuwa umefungwa tangu mwaka 1966, na huu mpya tunaoujua leo ulikuwa bado kuanza, lakini wachimbaji wadogo walikuwa wamejaa porini kama siafu. Baba yangu alikuwa karani wa mwenye kitalu. Alikaa mdomoni mwa duara akihesabu mifuko ya mawe inapotoka, kisha akaigawa: ya mwenye kitalu, ya mwenye duara, na iliyobaki ya wale walioshuka chini na jembe na sululu. Kwa sababu ya kazi hiyo nyumbani kwetu hapakukosa madaftari. Rafiki yangu, tuliyekaa naye dawati moja, hakuwa na daftari hata la hesabu. Kaka yake alikuwa mvuta kamba katika duara lilo hilo.

Mwaka 1989 tulikuwa Darasa la Sita, na kichaa chetu kilikuwa Sani. Wazee wanaosoma ukurasa huu hawahitaji kuelezwa Sani; vijana waulize nyumbani. Jina lake limetokana na majina ya waanzilishi wake wawili, Saidi Bawji na Nico ye Mbajo, herufi mbili za huyu na herufi mbili za yule. Nakala zilitufikia kutoka Mwanza juu ya malori, zimechakaa, nyingine hazina jalada, nasi tukazisoma mpaka zikawa nyuzi. Tulimcheka Lodilofa, tukamcheka Kipepe. Siku moja rafiki yangu alizilaza nakala mbili mchangani, moja kuukuu na moja mpya, akazitazama sana, akasema, "Mkono huu si ule." Mimi sikuona tofauti yo yote. Nalikuja kujua baada ya miaka mingi kwamba Philip Ndunguru, aliyewabuni watu wale, alifariki mwaka 1986 akiwa bado kijana, na wachoraji wengine wakaendelea kuwachora. Mtoto wa Nyarugusu aliijua habari hiyo kwa macho tu.

Basi tukaamua kuwa na shujaa wetu. Huku Usukumani hatuhitaji kumwagiza shujaa kutoka ng'ambo. Kila mtoto amesimuliwa habari za Ng'wanamalundi, mcheza ngoma na mganga aliyefariki mwaka 1936, ambaye husemwa kwamba alinyosha kidole na miti ikakauka. Wetu tukamwita Kidole. Akinyosha kidole, ardhi inayotaka kuporomoka husimama. Huyo nalimbuni mimi, wala sioni haya kusema hivyo. Lakini rafiki yangu aliuliza swali ambalo sikulifikiri: "Atashukaje duarani? Nani amshikie kamba?" Akamchora kijana mwembamba, magoti yametoka nje, amejitia kamba kiunoni na visigino amevikita chini. Jina lake Kamba. Hakuwa na uwezo wo wote wa ajabu, ila hakuachia.

Darasa zima lilimpenda Kamba kuliko Kidole. Tulikuwa tukikodisha daftari kwa kipande cha muhogo au embe, na wasomaji hawakuuliza Kidole amefanya nini, waliuliza kama Kamba amechoka. Nadhani hapo ndipo wivu wangu ulipoanza.

Mwisho wa mwaka ikawa siku ya wazazi. Mwalimu wetu akataka kazi za mikono za kuonyesha wageni, nami nikapeleka daftari. Picha zote zilikuwa za rafiki yangu. Maneno yalikuwa yangu, na mwandiko ulikuwa wangu. Juu ya jalada nikaandika jina langu tu. Mgeni alilifungua, akacheka, akanipa mkono mbele ya watu wote, na pamoja na mkono sanduku la penseli za rangi. Jioni rafiki yangu aliniuliza jambo moja tu: "Mbona sikuona jina langu?" Nikamjibu, "Daftari ni langu." Baada ya siku ile hakunichorea tena.

Sasa niwaambie kwa nini vijana wale wawili walininyima usingizi. Katika miaka hii ya ualimu nimesoma habari za Wamarekani wanaotunga hadithi za mashujaa, kwa sababu nyinyi wanafunzi mnazijua filamu zao kuliko mnavyolijua jedwali la elementi, nami sikupenda kupitwa. Nalidhani nitakuta habari za nguvu na kuruka angani. Nikakuta habari za baba yangu akigawa mifuko.

Superman alibuniwa na vijana wawili wa mji wa Cleveland, Jerry Siegel aliyetunga na Joe Shuster aliyechora. Mwaka 1938 hadithi ya kwanza ilichapwa, kurasa 13, nao wakalipwa dola 10 kwa ukurasa, yaani dola 130. Kwa fedha hizo wakatia sahihi kwamba shujaa si wao tena, ni wa wachapaji. Waliendelea kupewa kazi kwa miaka kadhaa; walipokwenda mahakamani mwaka 1947 walishindwa, wakatolewa, na majina yao yakaondolewa juu ya hadithi. Mwaka 1975, Shuster akiwa karibu kuwa kipofu na filamu kubwa ya Superman ikitengenezwa, ndipo kampuni ilipokubali kuwalipa kila mmoja dola 20,000 kwa mwaka na kuyarudisha majina yao. Kila nisomapo habari hii naliona duara: walioshuka chini na sululu ni wawili, na mwenye karatasi ya kitalu yuko juu kivulini.

Lakini Batman ndiye aliyenitia aibu, kwa sababu pale mwenye kunyimwa hakunyimwa na kampuni tu, alinyimwa na mwenzake. Tangu 1939 jina lilikuwa moja, Bob Kane, mchoraji. Mtungaji, ambaye pia alishauri lile joho na kile kifuniko cha kichwa, aliitwa Bill Finger. Na jina hilo kwa Kiingereza maana yake ni kidole. (Naliposoma hayo nalifunga kitabu nikatoka nje kidogo.) Finger ndiye aliyeeleza kwamba Robin, yule kijana msaidizi, aliletwa mwaka 1940 kwa sababu Batman alihitaji mtu wa kuzungumza naye. Ni lile lile la rafiki yangu: nani amshikie kamba? Finger alifariki mwaka 1974. Kane alikiri katika kitabu chake kwamba mwenzake hakupata sifa aliyostahili, na mwaka wa kitabu hicho ni 1989, mwaka ule ule wangu wa penseli. Jina la Finger likaanza kuwekwa rasmi kando ya la Kane mwaka 2015.

Na liko jambo la tatu, la wasaidizi wenyewe. Msimulizi akichoka, hao ndio huuawa kwanza. Mwaka 1988 wachapaji wa Batman waliwaachia wasomaji wapige simu kuamua kama Robin wa pili, Jason Todd, aishi au afe. Waliotaka afe walikuwa 5,343, waliotaka aishi 5,271. Kijana akafa kwa tofauti ya simu 72.

Mimi sikupigiwa simu na mtu. Rafiki yangu alipoacha kuchora, nalijaribu kuendelea peke yangu, nikaona siwezi kumchora Kamba. Magoti yake yalinishinda. Basi nikamtumbukiza duarani katika picha moja mbaya, nikaendelea na Kidole. Wasomaji walipungua hata wakaisha. Jambo hilo nalikuwa nimelisahau kabisa.

Likizo fupi ya muhula ilipofika nikapanda basi, nikapitia Kahama hata Katoro, maana nalisikia rafiki yangu anakaa huko. Nalimkuta juu ya ngazi, anaandika ubao wa duka la vipuri vya karasha. Herufi zake zimenyooka kama zimechapwa mtamboni.

"Mwangaluka, Mwalimu," akasema bila kushuka, kana kwamba tuliachana jana.

Tulikaa chini ya mwembe, tukanywa chai. Nikamweleza habari za vijana wawili, kisha nikasema maneno niliyokuwa nimeyapanga tangu Shinyanga, kwamba nalimdhulumu, na kwamba naomba radhi. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Jina nalikwisha kulisamehe kabla ya penseli zako hazijaisha," akasema. "Lakini Kamba ulimwua kwa nini?"

Sikuwa na jibu.

"Yule alikuwa kaka yangu," akasema. "Kila mtu alimjua, hata magoti. Daftari lako lilipozunguka likafika nyumbani. Mama hakujua kusoma, lakini picha hazihitaji kusomwa. Alimwona mwanawe anaangukia duarani. Miezi miwili hakumruhusu kwenda kazini, nasi tulikula kwa kamba ile."

Nalimwuliza kaka yuko wapi. Akacheka kidogo, akasema yupo, anafyatua matofali, amekuwa babu. Mama ndiye hayupo.

Kisha akaomba kalamu. Akakata kipande cha boksi la rangi, akachora mdomo wa duara, mikono miwili imeshika ukingo, na kichwa kinachotoka nje, kimejaa vumbi, macho yamefumbwa kwa ajili ya jua. Magoti hayaonekani bado, yako chini, lakini unajua yanakuja. Akatia sahihi yake, akanipa. "Weka hiyo katika gazeti lenu," akasema, "halafu tumetoka sare."

Picha hiyo imewekwa chini ya ukurasa huu, na sahihi kama alivyoitia mwenyewe. Hadithi ya vijana wa Kidato cha Pili inaanza ukurasa unaofuata. Ina majina mawili. Lipi litangulie waliamua kwa kurusha shilingi nyuma ya bwalo, nami nilishika kofia tu.