Mtungaji na Masikio ya Watu Wake

Kitabu kinachosimulia shida za watu wasioweza kukisoma ni kama kesi inayosikizwa bila ya mwenyewe kuwapo. Maneno ya haki na ya huruma yaweza kunenwa, lakini yeye hayasikii. Jambo hili lilimkera Ousmane Sembène wa Senegal, nalo likageuza maisha yake.

Alizaliwa Ziguinchor mwaka wa 1923, mwana wa mvuvi. Elimu yake ya shule ilikuwa haba. Alifanya kazi za mikono, akawa askari wa Ufaransa katika Vita Kuu ya Pili, kisha akawa kuli katika bandari ya Marseille. Huko, baina ya mizigo na mikutano ya chama cha wafanyakazi, alijifunza utunzi. Riwaya yake ya kwanza ilitoka mwaka wa 1956, na ile ya mgomo wa reli ya Dakar na Niger mwaka wa 1960. Sifa zilikuja, lakini zilikuja kwa Kifaransa. Makuli na wachukuzi waliotajwa vitabuni hawakuweza kuvisoma.

Basi mtu aliyekaribia miaka arobaini alirudi kuwa mwanafunzi. Alikwenda Moscow kujifunza kazi ya sinema, na mwaka wa 1963 akatoa Borom Sarret, filamu fupi ya mwendesha mkokoteni wa farasi mjini Dakar. Mwaka wa 1966 ilifuata La Noire de..., habari za mtumishi wa kike aliyepelekwa Ufaransa, akafia huko kwa upweke na uchungu. Macho ya watu yalifikiwa. Masikio yalikuwa bado, maana filamu zote mbili zilisema Kifaransa.

Mandabi, ya mwaka wa 1968, ilipata sehemu ya fedha zake Ufaransa. Sembène akaitengeneza mara mbili: kwa Kifaransa kwa ajili ya wenye fedha, na kwa Kiwolof kwa ajili ya wenye habari. Ibrahima Dieng, asiyejua kusoma, aletewa hawala ya faranga 25,000 na mpwa wake aliye Paris. Posta yataka kitambulisho. Kitambulisho chataka cheti cha kuzaliwa. Cheti chataka tarehe asiyoijua. Mwishowe fedha zaliwa na jamaa msomi aliyejitia kumsaidia.

Mwaka wa 1977 deni la lugha lilimfikia mwenyewe. Filamu yake Ceddo ilizuiwa Senegal. Sababu iliyotolewa ilikuwa herufi moja: serikali ya Rais Senghor ilitaka jina hilo liandikwe kwa d moja, naye aliandika mbili. Wengi waliamini kuwa kosa hasa lilikuwa hadithi yenyewe, iliyogusa dini na utawala. Mtu mwingine angalifuta herufi ile akaokoa jasho lake. Yeye alikataa, na kwa miaka filamu ile ilionekana ugenini huku nyumbani imefungwa.

Hata hivyo hakuifanya lugha moja kuwa sanamu ya kuabudiwa. Riwaya aliendelea kuziandika kwa Kifaransa. Moolaadé, filamu yake ya mwisho ya mwaka wa 2004, ilipigwa Burkina Faso, na wanawake wanaowakinga wasichana na tohara wasema Kibambara. Alifariki Dakar mwaka wa 2007. Njia aliyoifuata ilikuwa moja: kuuliza kwanza nani anayesemwa, kisha kuhakikisha kuwa naye asikia.