Nyumba ya Umeme na Fundi wa Karatasi

Mwaka 1922, umeme ulipokuwa ungali mgeni katika nyumba nyingi za Marekani, Buster Keaton alitoa sinema fupi isiyo na sauti iitwayo The Electric House. Keaton hakuwa na desturi ya kucheka mbele ya kamera. Uso wake ulibaki mkavu hata mambo yalipompindukia. Kucheka aliwaachia watazamaji.

Katika kisa hicho, kijana aliyesomea mimea anakabidhiwa kwa makosa shahada ya uhandisi wa umeme. Tajiri mmoja anaiona karatasi ile, anampa kazi ya kutia umeme nyumbani kwake, kisha anasafiri na jamaa zake. Kijana hasemi kweli. Anafungua kitabu, anaanza kazi. Tajiri arudipo anakuta ngazi zinazopanda zenyewe, chakula kinacholetwa mezani kwa gari dogo la reli, na bwawa la kuogelea linalojaa na kukauka kwa kuvuta mkono wa chuma tu. Ni maajabu matupu, ila ngazi zikizidi mwendo humrusha mpandaji dirishani hadi bwawani.

Kisha mhandisi wa kweli, mwenye kinyongo cha kukosa kazi ile, anaingia kwa siri na kuzichanganya nyaya. Nyumba nzima inapata wazimu.

Mitambo haikukosa kitu. Mmoja alikuwa na cheti bila ujuzi. Mwingine alikuwa na ujuzi bila utu. Wenye nyumba ndio walioumia.

Nyuma ya kicheko hicho pana jambo lisilochekesha. Sinema hiyo ilianza kupigwa mwaka 1921. Kiatu cha Keaton kikanaswa na ngazi zile, akavunjika kifundo cha mguu. Kazi ikasimamishwa, ikaanzwa upya mwaka uliofuata. Ngazi hazikujua kwamba yeye alikuwa akiigiza.

Hata leo, baba anayeunga waya jikoni kwa kubahatisha, huku watoto wakimtazama, hana tofauti na kijana yule. Vivyo hivyo askari anayewasha mtambo asiofundishwa kwa kuogopa kuchekwa na wenziwe. Kusema "kazi hii siijui" huleta aibu ya dakika moja, nayo hupita. Umeme hausubiri mtu aone haya.